Kilio Kisichoandikwa

Katika filamu zote alizoigiza Sylvance, hakuna hata moja aliyofika mwisho wake akiwa hai. Katika hii alipigwa risasi, katika ile alizama mtoni, na katika nyingine mkewe alimlisha sumu. Zilikuwa filamu za vijana wasio na mfadhili, zikatazamwa na wachache na kusahauliwa. Lakini mtaani Kaloleni jina la Marehemu lilimganda kama kupe. Naye hakuona haya. Husema kwamba kufa vizuri ni kazi, na kazi yake anaijua.

Safari hii hadithi aliitunga mwenyewe: mzee wa reli amefariki, na mjane wake anasimama mbele ya jeneza kumwambia yote aliyoyameza katika ndoa yao. Filamu nzima ilisimama juu ya kilio hicho. Asubuhi ya siku yenyewe, mwigizaji wa kike aliyetarajiwa alipata kazi ya tangazo la sabuni, asije. Na ukumbi wa Kaloleni walikuwa wamepewa hadi alasiri tu, kwaya itakapokuja kufanya mazoezi.

"Tuanze na picha za jeneza," alisema Sylvance, akivua viatu. "Mjane atapatikana."

"Wapi, Marehemu? Sokoni Gikomba?" aliuliza Shiku, mwongozaji na mpiga picha wao.

"Atakuja. Mungu hakuniandikia nikwame hapa."

Akajilaza ndani ya jeneza, akafumba macho.

Kosa lao lilikuwa limekwisha kutendeka. Jeneza walikuwa wamelipitisha mlango wa mbele, mchana kweupe, bila kumwarifu jirani yeyote. Na Kaloleni jeneza likipita, haliulizwi ni la nani, hufuatwa.

Mama Aloo, muuza dagaa wa omena wa pale kona, alitangulia wenzake. Aliingia mbio, mikono kichwani, akamwona aliyelala.

"Uwi! Sylvance! Mtoto niliyempangusa kamasi!"

Shiku hakuizima kamera.

"Umekufa mara ngapi tukicheka? Leo umekufa kweli, acheke nani? Ulikuwa ukipita kwangu na makaratasi kwapani. Nikikuuliza, 'Utakula karatasi?' wanijibu, 'Nitakula, mama, na wewe nitakulisha.' Haya, amka unilishe!"

Sylvance alizuia pumzi. Alitambua papo hapo kwamba kilio alichokiandika yeye si chochote si lolote mbele ya hiki. Akivumilia kidogo tu, filamu imepatikana.

"Nipeni simu!" alilia Mama Aloo. "Mama yake yuko Siaya. Nani atampasha habari hii kama si mimi?"

Hapo maiti akaketi.

"Mama, usipige! Ni filamu!"

Waliokuwa mlangoni walitawanyika kama kuku walioona mwewe. Mama Aloo hakukimbia. Alivua ndara, akamtandika nayo begani.

"Mwanaharamu! Chozi langu ni la kuchezea?"

"Nisamehe, mama. Shiku, futa yote."

"Marehemu, hiyo ndiyo filamu yenyewe!"

"Alidhani nimekufa. Si yetu hiyo. Futa."

Shiku akafuta, uso umemkunjamana. Mama Aloo akairudisha ndara mguuni.

"Na wa kumlilia marehemu wenu yuko wapi?"

"Mjane? Hakuja."

"Na huyo mumewe, alikuwa mtu wa namna gani?"

"Mtu wa reli. Akirudi nyumbani, haneni."

Mama Aloo akaitikia kwa kichwa. Yeye pia alikuwa amemzika mume wa namna hiyo, wala hakumwambia neno.

"Lala," akasema. "Na ukitikisika nitakuongeza nyingine."

Akalala. Safari hii Mama Aloo hakupiga uwi. Alianza kwa sauti ya chini, akimlalamikia marehemu juu ya viatu alivyoviacha mlangoni, na nani sasa atamwambia aviondoe. Halikuwamo hata neno moja aliloliandika Sylvance. Wanakwaya walifika, wakasimama kizingitini, asithubutu mtu kuingia.

Shiku alipozima kamera, Mama Aloo alijifuta uso kwa upindo wa leso.

"Hiyo nyingine utakayoandika," alisema, "nitakuwamo. Ila wewe usife. Umenichosha."

"Nimekwisha kuianza, mama," alijibu Sylvance, akitoka jenezani na kutafuta viatu vyake.