Dirisha Jekundu

Binti fundi alikuwa ameivunja seva kuukuu ya kutunzia taarifa za zahanati mara thelathini, na mara thelathini akaifufua. Si seva yenyewe, ni nakala yake ya mazoezi ndani ya kompyuta yake. Sasa alikuwa hodari kweli, ila uhodari wenyewe ulichelewa mwezi mzima. Siku ile, mwezi uliopita, madirisha mawili meusi ya kuandikia amri yalikuwa wazi bega kwa bega kwenye skrini yake, la mazoezi na la seva ya kweli, akaandika amri ya kufuta kwenye lile la seva ya kweli. Taarifa za wagonjwa zikayeyuka. Lawama zikamwangukia mzee aliyemfundisha kazi, akafukuzwa, naye binti akafyata ulimi.

Leo mzee alikuja kuchukua kikombe chake. Akainama, akatazama skrini.

“Hilo jekundu ndilo la mazoezi?”

“Ndilo, Mzee wangu. Nimelipaka rangi nisije nikachanganya tena.”

Neno “tena” lilikwisha kumtoka.

Mzee alikigeuzageuza kikombe mkononi, kisha akakitua taratibu mbele ya binti.

“Baki nacho, binti yangu. Kila ukinywa chai, uwe unanikumbuka.”