Selo ya Jémima Bila Piano

Matanga ya Ushindi tuliyafanyia katika ukumbi mmoja wa mtaa wa Auderghem. Watu walijaa hadi kwenye ngazi, na umbea wa ndoa zote za Brussels ukazunguka pamoja na sahani za sombe. Mara Jémima, dada wa marehemu, akaketi na selo, ile fidla kubwa inayobanwa kwa magoti. Miaka yote Ushindi ndiye aliyemsindikiza kwa piano.

"Sasa utapiga na nani, mutoto yangu?" Maman Rolande, mmoja wa wamama wetu, akamuuliza.

"Peke yangu, maman. Kuko muzee moja wa Italie, wa zamani sana, aliandikia selo muziki ya kupigwa yenyewe. Bon, leo nitajaribu ile."

Akaanza. Lakini kwetu Kivu, kule Kongo, mfiwa haachwi aimbe peke yake. Maman Rolande akapokea kwa sauti ya chini, wamama wakafuata, makofi yakaingia.

Jémima akasimamisha upinde. "Bamaman, tafazali, muache. Pale munaingia, ni pale yeye alikuwa anaingia."

Wamama wakashusha mikono, hata sisi wapiga domo tukaweka sahani chini. Akarudi mwanzo, na kila alipotua, tukasikia piano haijibu.