Chumba cha Saba

Kati ya tofali la tatu na la nne palikuwa na tundu, upana wa kidole. Baba yangu, fundi Bisimwa, hakuwahi kuacha tundu. Mimi niliyemkorogea saruji tangu nilipotolewa shule darasa la nne nilijua hivyo kuliko mtu yeyote wa mtaa wetu wa Namuwongo.

Nyumba ile ya wafu ilisimama nyuma ya kanisa. Ilijengwa mwaka 1938 na mfanyabiashara wa kahawa aliyetaka ukoo wake ulale pamoja: tofali jekundu, paa la mviringo kama kofia, mlango wa chuma, na ndani vyumba vinane ukutani, kila kimoja cha jeneza moja. Sita vilikuwa na watu. Kila mwaka kabla ya Pasaka tulikuja kupaka chokaa, na katika kile cha saba niliweka ndoo zangu.

Mwaka 1972 nilikikuta kimezibwa, saruji bado mbichi.

“Nani amekufa?”

“Koroga, mama,” Baba akaniambia bila kugeuka.

Jirani yetu Ochan, mume wa Acayo, polisi, Mwacholi, alikuwa ametoweka siku mbili. Jioni aliyotoweka nilimwona Baba kando ya reli akinong’ona na mtu mwenye koti la jeshi. Siku zile jeshi liliwawinda Waacholi, maiti zikaokotwa msituni, na fundi mwenye ufunguo wa kaburi lenye nafasi angeweza kuwafaa wauaji. Nilitazama mgongo wa Baba. Nikaiogopa mikono iliyonilisha.

Mwanajeshi nisiyemjua aliingia akiwa peke yake, akagonga ukuta kwa kitako cha bunduki.

“Wee fundi, nani iko humu?”

“Shangazi wa wenye kaburi, afande. Ameletwa juzi kutoka Nateete.”

Akainama, akatia kidole kwenye tundu, akacheka. “Fundi ya Congo! Maiti yako inataka dirisha?”

Baba naye akacheka, akachelewa kuacha. “Uzee, afande. Macho.”

“Wewe musichana. Ziba.”

“Huyu hajajua kuziba, afande, wacha mimi...”

“Nimesema musichana.”

Baba aliushikilia mwiko mpaka nikauvuta. Hapo nikaelewa: aliyeficha maiti angefurahi kuziba.

Niliwapa mgongo, nikachota mchanga mtupu, nikautia maji, na juu yake nikanyunyiza vumbi la saruji kwa ajili ya rangi tu. Nikaushindilia tunduni, nikalainisha. Mwanajeshi akapitisha dole gumba.

“Mikono mizuri. Utaolewa na fundi, wewe.”

Tulisikiliza buti zake kwenye kokoto mpaka getini. Baba aliketi juu ya ndoo, akajifuta uso kwa kofia yake. Hakunitazama, wala mimi sikumtazama. Hata leo, miaka sita baadaye, sijamwambia nilimdhania nini.

Kisha mchanga ukapasuka. Ukamwagika kidogokidogo juu ya miguu yangu, na katika tundu kikatokea kidole, kimejaa vumbi, kikipapasa hewa.

Mimi ambaye hata sokoni nilinyoosha mkono tu bila kusema nilipotaka nyanya, nilipiga magoti nikaweka mdomo pale.

“Acayo mkeo ni mzima,” nikasema. “Watoto pia.”

Kidole kikatulia.