Darasa la Kukunja Saa

Katika kiwanda kile cha mashati, mwanamke aliyeshona kola aliitwa Chapuchapu. Wenzake ndio waliompa jina hilo, kwa jinsi mikono yake ilivyokwenda mbio na mdomo nao ukishindana na mikono. Kwa sababu ya mdomo huo msimamizi alimhamishia kwenye cherehani ya mwisho, karibu na choo, akidhani harufu itamnyamazisha. Haikumnyamazisha.

Siku moja mkurugenzi aliwaonea huruma wafanyakazi wake. Huruma yake ilikuwa ya nadra, na kila ilipokuja, watu walitazama kwanza imebeba nini. Walikuwa wamelalamika kwamba kushona kwa saa kumi na moja kila siku kunawamaliza. Mkurugenzi akakiri kuwa saa hizo ni nyingi mno. Hakuzipunguza. Aliwaletea mwalimu wa kuwafundisha wasizione.

Mwalimu alikuwa mwembamba, mwenye sauti laini ya mtu anayebembeleza mtoto asiye wake. Aliwakalisha chini kati ya majora ya vitambaa, akawaagiza watazame ukucha wa kidole gumba na kuvuta pumzi saba, kila moja waimeze kama dawa chungu. Ukucha ukianza kuonekana uko mbali, mtu arudi kwenye cherehani. Mikono itashona, mwenye mikono hatakuwepo. Elimu hiyo aliiita Kukunja Saa.

Chapuchapu alimnong'oneza mshona vifungo kwamba huyu ni mganga aliyekosa wateja. Lakini kesho yake aliamka na mgongo unaouma, akaona kujaribu si dhambi. Akatazama ukucha, akameza pumzi saba. Alipoinua macho, kengele ya kutoka ilikuwa inalia. Mbele yake kulikuwa na rundo la kola zilizonyooka, na hakukumbuka kushona hata moja.

Alirudi nyumbani akiimba. Wiki hiyo kiwanda kizima kilikunja saa, na kelele za malalamiko zikafa. Mkurugenzi, kwa kuwa hakuna aliyelalamika, akaongeza saa moja. Ilipita nusu mwezi kabla ya mtu kugundua.

Ila saa zilizokunjwa hazikuishia getini. Chapuchapu alikaa kula, na kufumba na kufumbua sahani ilikuwa tupu. Dada yake, aliyeishi naye na kumlelea binti yake, alimwambia kwamba siku hizi anakaa humu ndani kama mpangaji. Chapuchapu akamjibu kuwa ni uchovu tu. Kisha jioni moja binti yake wa miaka sita akacheka kwa jambo fulani, na mama akaona pengo mbele ya kinywa.

"Meno yako mawili yametoka lini?"

"Hili juzi," binti akasema, akionyesha kwa kidole. "Hili la kwanza uling'oa wewe, mama. Kwa uzi wa kazini."

Chapuchapu hakuweza kulala vizuri. Alijitafuta mle kichwani, akatafuta uzi, akatafuta jino, akatafuta kilio. Hapakuwa na kitu. Mikono yake ndiyo iliyokuwa mama wa mtoto siku ile.

Jumatatu msimamizi alimtuma ofisini kwa mkurugenzi kushona pazia lililochanika. Mkurugenzi alikuwa amekaa juu ya zulia, mwalimu mbele yake. Hawakunyamaza alipoingia, maana mtu wa pazia naye ni pazia tu. Mkurugenzi alitarajia likizo ya siku nne na alitaka imtoshe kama mwezi. Mwalimu akamfundisha Kukunjua: ukucha uleule, lakini pumzi saba hutolewa polepole, kila moja ikishikwa kwanza kama sukari chini ya ulimi, mpaka ukucha uonekane mkubwa kama sahani.

Chapuchapu alishona pazia kwa mishono midogo sana ili asikie yote. Kisha akamsubiri mwalimu kwenye ngazi.

"Mwalimu, mbona sisi ulitufundisha nusu?"

"Kila mtu hufundishwa anachohitaji, dada yangu."

"Ninachohitaji mimi ulimuuliza nani?"

Mwalimu akatazama ukucha wake, na papo hapo akawa hayupo, ingawa miguu yake ilibaki kwenye ngazi.

Mchana ule, wakati wa mapumziko ya nusu saa, Chapuchapu aliwafundisha wenzake kukunjua. Mshona vifungo alilala akaota ndoto mbili. Wapiga pasi wawili waligombana, wakapatana, wakapata nafasi ya kugombana tena. Walirudi kazini na akili zao timamu, na hapo wakazihisi saa zilizobaki za siku ile ya saa kumi na mbili, moja baada ya nyingine. Kesho yake waliacha mashine, wakapanda ofisini kwa pamoja.

Walimkuta mkurugenzi ametoka kumaliza pumzi ya saba. Alikuwa akifanya mazoezi ya likizo. Kwa saa ya ukutani, walisema kwa dakika ishirini. Chapuchapu peke yake alichukua dakika kumi na mbili, na hakuruka kitu: mgongo, choo, saa iliyoongezwa kwa siri, jino la mwanawe. Mkurugenzi alitokwa jasho, akashika kichwa, macho yakamlegea kama ya msafiri aliyelala stendi.

"Basi jamani," akasema. "Nimewasikiliza tangu juzi."

Alikubali saa tisa kwa siku ili tu watoke. Mwalimu alifukuzwa wiki hiyohiyo, na inasemekana sasa yuko katika ofisi moja ya serikali, anawafundisha wale wanaopanga foleni.

Chapuchapu alijaribu kukunjua majuma aliyoyapoteza, akaambulia patupu. Nguo usiyokuwa nayo huwezi kuikunjua. Siku ya kwanza ya saa tisa alifika nyumbani jua bado lipo. Dada yake alimtazama mlangoni, akamuuliza taratibu kama amefukuzwa kazi.