Ain ya Suud

Siku aliyokuja kuposa, Suud bin Thabit hakujisifu kwa ukoo wala kwa elimu. Alijisifu kwa jambo moja tu: Mzungu wake kazini hawezi kumaliza saa nzima bila ya kumtaja jina.

"Mara arubaini kwa siku, Ami Bakhit," alisema, kikombe cha kahawa kimesimama hewani. "Na siku mashine zikiharibika huzidi. Wallahi nimehesabu."

Bakhit alikuwa ami yake Muhsina, na tangu babake Muhsina afariki, yeye ndiye walii wake. Alikuwa mkaazi wa siku nyingi wa Matrah, jirani ya Maskati, muuza vitambaa, hajui neno hata moja la Kizungu, na kwa sababu hiyo Kizungu kilimtisha sana.

"Anakuita hivyo hivyo, Suud?"

"Kwa kiasi cha ulimi wake. Wazungu hawana ile herufi ain, Ami. Jina langu ukilitoa ain linabaki kipande. Basi yeye huniita Sod. Lakini kwa mapenzi! Mara *poor Sod*, mara *lucky Sod*. Karibu atanipa unyapara wa mashine."

Nyuma ya pazia, Masouda, mamake Muhsina, alikunja uso. Alikuwa na miezi miwili tu Maskati. Alikuja kutoka Unguja na masanduku mawili, binti mmoja, na diploma ya ualimu iliyofungwa ndani ya foronya. Kiingereza alikijua, na alikisomesha miaka kumi na sita. Lakini *poor* ni maskini. Mkubwa gani humwita mtu maskini kwa mapenzi?

Mgeni alipoondoka, Bakhit alisogea penye pazia. "Shemegi, si unaanza kazi ya kupiga chapa ofisi hiyohiyo Jumamosi? Basi tega masikio. Kama Mzungu anampenda kweli, Ijumaa nampa jawabu zuri. Kama anatuchezea, mlango ule pale."

Muhsina alimvuta mamake mkono. Suud aliwahi kumtengenezea cherehani nyumbani kwa jirani yao Kheiria, akafanya kazi nzima bila ya kujisifia ujuzi wake, na hilo lilimtosha Muhsina. "Mama, kama ni mwongo, niambie mapema."

"Kama ni mwongo," alisema Masouda, "utajua kabla yake mwenyewe."

Ofisi ilikuwa kibanda cha mbao huko Ruwi, ambako kampuni ilikuwa inajenga mitambo ya maji. Mkubwa wake, Mista Klegi, alikuwa mtu mwekundu mwenye magoti makubwa na kaptura fupi kupita haja. Masouda aliweka mkoba wake, akavuta mashine ya chapa, akaanza kazi.

Saa tatu asubuhi punda wa maji alitumbukia mtaroni. Mista Klegi alisimama dirishani, akatikisa kichwa. "Poor sod," alisema.

Masouda aliacha kupiga chapa, akachungulia. Suud hakuwapo. Palikuwa na punda.

Saa nne mpishi alileta mayai yaliyoungua, naye akawa *silly sod*. Saa sita ikaja barua kutoka kwao Mista Klegi kwamba binamu yake kashinda bahati nasibu, na binamu naye akawa *lucky sod*. Mpaka mchana Masouda alikuwa amelisikia neno lile mara kumi na tisa, na hata mara moja halikumwangukia Suud.

Alitoa kamusi yake ya kusomeshea. Ilisema sod ni pande la udongo lililokatwa pamoja na majani yake. Akatazama nje. Nchi nzima hii mbuzi anatafuta jani la kutia mdomoni halioni. Mzungu anayatoa wapi mapande yote hayo?

Akaenda stoo kwa Disuza. Disuza alikuwa Mgoa wa Mombasa, mtu wa makamo, aliyewahudumia Waingereza melini miaka kumi kabla ya kuja huku kuhesabu misumari. Aliposikia swali, aliinuka akafungua mlango wazi kabisa kwa heshima ya Bi Masouda, kisha akashusha sauti kwa heshima ya mlango uliokuwa wazi.

"Mama, hilo unalotafuta halimo ndani ya kamusi ya shule. Limetoka kwenye mji."

"Mji gani?"

"Ule wa kaumu ya Nabii Lut."

"Astaghfirullah!"

"Ndiyo hivyo. Jina la mji limekatwa mkia, likabaki *sod*, tusi la mtu wake. Lakini Mwingereza mji wenyewe keshausahau. Neno analitumia kama chumvi. Maana haimo kwenye neno, Mama, imo kwenye kilichotangulia na kilichofuata. Akianza na *poor*, anamwonea mtu huruma. Akianza na *lucky*, anamwonea kijicho. *Silly*, huyo mjinga, lakini si mjinga wa kufukuzwa kazi. Akimalizia na *off*, ondoka mbele yangu. Na *all*, hakuna kitu, hata chembe. Na *it*, basi tena, potelea mbali, kazi imenishinda."

"Na *bugger*? Nimelisikia pia."

"Mji uleule, mtaa wa pili."

"Na *bastard*?"

"Mwanaharamu. Lakini rafiki humwita rafiki yake, wakacheka, wakanywa."

"Kwetu rafiki huyo angelitiwa viboko themanini."

"Ndiyo maana mimi hapa sitafsiri kitu, Mama. Nahesabu misumari."

Masouda alirudi mezani kwake. Kwa hivyo Suud hakuwa mwongo. Alikuwa amekosea tu, lakini amekosea kwa sauti kubwa, mbele ya Bakhit. Bakhit akijua, posa imekufa siku hiyohiyo. Suud akiambiwa na mtu mwengine kwa dhihaka, atampiga mtu, na kazi imekufa. Na yeye Masouda akinyamaza, binti yake ataolewa na mtu anayeitikia matusi kwa tabasamu, na siku moja mtoto wake atakuja kuuliza maana. Hapana. Lakini alitaka kwanza kumtazama Suud vizuri.

Jumatatu umeme ulikatika. Mista Klegi aliipiga meza teke. "Sod it!"

Kabla neno halijafika ukutani, Suud yuko mlangoni na spana yake. "Yes, sir!"

Mista Klegi alinyoosha kidole kwenye jenereta. Nusu saa, umeme ukarudi. Jumanne pampu ilikataa. "Sod it!" Suud huyo. Lori likazimika njiani. Suud huyo. Hata dirisha lilipokwama, Suud alitokea na kipande cha sabuni, akalipaka, likafunguka.

Hapo Masouda akaelewa jambo la ajabu. Wafanyakazi wengine wote walijua kwamba Mzungu akipandisha sauti ndio wakati wa kutafuta kazi mbali naye. Walitawanyika kama kuku. Suud peke yake alidhani anaitwa. Kwa hivyo kila kilichoharibika, yeye ndiye aliyekwenda, na kwa mwaka mzima hapakuwa na mashine pale asiyoijua ndani na nje.

Jumatano asubuhi Mista Klegi alimsogelea Masouda na kikombe cha chai. Alitaka barua kwa wakubwa zake: anataka kumfanya mtu fulani nyapara wa mashine zote.

"Jina lake?" aliuliza Masouda, vidole viko tayari.

Mista Klegi alijikuna shingo. "Yule bwana. Mwembamba, shati la buluu. Yule anayetokea. Nikipata shida tu nageuka, yupo. Sijui anajuaje, kama jini. Kila siku nasema nitamuuliza jina."

"Mwaka mzima?"

"Mambo mengi, Bi Masouda."

"Anaitwa Suud," alisema Masouda, na ain akaitoa kooni kwa ukamilifu wake, kama anayesoma Kurani.

"Unasemaje?"

"Suud. Hapo katikati pana herufi ambayo wewe huna. Ukiiondoa, linabaki lile neno lako."

Ilichukua muda kidogo. Kisha wekundu ulianza kwenye magoti, Masouda akauona ukipanda mpaka masikioni. Mista Klegi alikwenda kuweka kikombe mezani, akakiweka hewani.

"Kwa hivyo kila nikisema..."

"Anakuja."

"Anajua maana yake?"

"Anadhani unampenda."

"Usimwambie," alisema Mista Klegi, huku akifuta chai kwa kofia yake. "Nakuomba. Atanikimbia, na mimi jenereta lile silijui hata linavyowashwa."

Masouda aliichomoa karatasi kwenye mashine ya chapa, akaiweka pembeni. "Barua itasubiri."

Alimkuta Suud penye pampu, amekaa juu ya debe. Alimwambia hapohapo, kwa ufupi, kama alivyokuwa akiwaambia wazazi kwamba mtoto kafeli: neno lile si jina lako, ni tusi, maana yake hii, na Mzungu humwita hivyo kila mtu.

Suud aliuliza: "Kila mtu?"

"Mpishi. Binamu yake. Jumamosi punda."

"Na huo mji ndio ule wa kaumu Lut, uliopinduliwa?"

"Ndio huo."

Aliifuta spana kwa kitambaa, upande mmoja, kisha wa pili, kisha wa kwanza tena. Masouda alisubiri. Angetukana, sawa. Angeitupa spana akaondoka, sawa pia, Masouda angekwenda kumwambia Muhsina ukweli. Angemkasirikia yeye aliyeleta habari, hapo ndipo angemfuta kabisa kichwani.

"Bi Masouda, una penseli?"

Alimpa. Suud alirarua kipande cha mfuko wa saruji, akayaandika yote kwa herufi za Kiarabu, moja chini ya jengine, huku akiuliza kama mwanafunzi: hili la huruma, hili la kijicho, hili la kumfukuza mtu. "Na hili la *it*, ndilo nilokuwa nikilikimbilia?"

"Ndilo."

"Basi alikuwa haniiti."

"Hakukuita hata siku moja, mwanangu."

Hilo lilimuuma kuliko tusi. Masouda aliliona likimwingia. Aliikunja karatasi, akaitia mfukoni, akainuka. "Leo ataniita," alisema, akaelekea ofisini. Masouda alimfuata nyuma, na nyuma yake akafuata Disuza, ambaye ghafla alikumbuka kwamba misumari imekwisha.

Suud alisimama mbele ya meza. "Mister Klegi. My name, Suud."

"Sood," alisema Mista Klegi.

"Tena."

"Soo-ood."

"Haimo. Mwambie, Bi Masouda, asiitafute mdomoni. Iko chini, kooni. Kama daktari kamwambia apanue kinywa."

Masouda alitafsiri. Mista Klegi alipanua kinywa, akatoa sauti ya ngamia anayekataa mzigo. Suud hakucheka. "Tena." Mara ya nne Mzungu alikohoa mpaka machozi. Mara ya sita, kutoka mahali ambapo yeye mwenyewe alikuwa hapajui, ikatoka ain, mbovu kidogo lakini nzima.

"Hiyo," alisema Suud. "Sasa mwambie: akilitaja lile neno jengine, mimi sipo, hata paa likimwangukia. Akiniita Suud, nipo."

Mista Klegi alisikiliza tafsiri mpaka mwisho. Akainuka, akanyoosha mkono, akasema samahani, tena kwa jina kamili, akakohoa tena. Masouda akairudisha karatasi kwenye mashine.

Ijumaa baada ya sala Suud alifika kwa Bakhit. Masouda alikuwa amekwisha kuyapanga maneno ya kumhifadhi, lakini Suud hakumpa nafasi. Hata kahawa hajagusa, akaeleza yote: neno, mji, mpishi, punda.

Bakhit alikiweka kikombe chini polepole. "Unaniambia ulikuwa unatukanwa mara arubaini kwa siku, na wewe unajibu naam bwana?"

"Mwaka mmoja na miezi miwili, Ami."

"Mbio?"

"Na spana mkononi."

Nyuma ya pazia kulisikika kitu kama kikohozi. Masouda aliangalia. Muhsina alikuwa ameziba kinywa kwa mtandio wake.

"Watu wa Matrah wakisikia!" Bakhit alikuwa anajipepea kwa mkono. "Shemegi! Unayasikia haya? Nimpe mtoto wa ndugu yangu mtu wa namna hii?"

"Nayasikia, na nilikuwapo," alijibu Masouda kwa sauti ya darasani. "Alidanganyika, kila mtu hudanganyika. Alipoambiwa, aliomba penseli. Kisha akakwenda akalidai jina lake, akapewa, na unyapara juu yake, barua nimeipiga chapa mwenyewe. Leo amekuja kukusimulia bila ya kulazimishwa. Mie nimesomesha wanaume na wake zao, Shemegi, na wa hivyo nimewahesabu kwa vidole, vingi vikabaki. Mimi niko radhi. Muulize mwenyewe mtoto."

Bakhit alipumua kwa nguvu. Akasogea mpaka penye pazia, akasafisha koo, akaweka sauti ya walii. "Muhsina binti ndugu yangu. Suud bin Thabit, huyu aliyehadithia hapa, anakutaka. Unasemaje?"

Hapo mtandio ukashindwa kazi. Muhsina alicheka mpaka akaegemea ukuta, akajaribu kusema, akafika kwenye neno punda, akacheka tena. Upande wa pili wa pazia Suud naye alianza, kwanza kwa pua, halafu kwa mabega.

Bakhit aliduwaa katikati yao. "Shemegi," alisema, "sheria naijua: msichana akinyamaza, amekubali. Akicheka je?"

"Akicheka," alisema Masouda, "tafuta tarehe."