Kitanda Kilichomtupa Shemeji

Habari ilifika karakana asubuhi, hata randa hazijashushwa ukutani: kitanda cha dada kimemtupa tena shemeji sakafuni, na safari hii mbavu zimevimba.

"Ulikitia namba vipi kile kitanda?" mjomba akauliza.

Kimya aliendelea kukwangua gundi iliyoganda kwenye brashi. Jina hilo alipewa utotoni, kwa kuwa sauti yake ilikuwa ndogo mno, na akiweza kujibu kwa kichwa alijibu kwa kichwa.

"Kama kawaida, mjomba."

"Hiyo kawaida yako ndiyo inayonitia wasiwasi."

Ufundi wao ulikuwa hivi. Seremala akishamaliza kazi, kitu hutiwa namba. Unaweka kiganja kwenye mbao, unaitaja namba, mbao inapata joto kidogo, basi. Kiti hutiwa nne, kikatulia hata kwenye sakafu yenye mabonde. Mlango hutiwa moja, ukamtii mwenye nyumba peke yake. Meza ikitiwa sita, watu sita watapata pa kuweka viwiko, ingawa kwa macho unaona inatosha wanne. Kitu kisicho na namba hulia, hupinda, na ukikipa kisogo huhama.

Mjomba mwenyewe aliacha kutia namba baada ya kukipa nne kigoda cha miguu mitatu. Kigoda kikazunguka ua mzima wa jirani kikitafuta mguu wake. Tangu hapo kazi ikawa ya Kimya. Kiganja alikuwa nacho, hilo hakuna aliyelibisha, ila wateja walinung'unika pembeni: mbona ananong'ona? Namba ya kunong'onwa si itaingia nusu?

Kitanda cha dada yake ndicho kilikuwa kazi yake kubwa ya kwanza, zawadi ya harusi. Alikitia mbili, na maharusi wakakilalia salama. Halafu, juzijuzi tu, mambo yakageuka. Dada hutangulia kulala. Shemeji hufunga milango, huzima taa, huja kujinyoosha. Hapo kitanda huinua ubavu mmoja polepole, kama ng'ombe anayeamka, na shemeji anajikuta chini.

Dada aliamini kitanda hakimkatai mtu ila aliyehamisha moyo. Alikuwa ameshafungasha sanduku.

"Twende," mjomba alisema, akijipangusa vumbi la mbao. "Utakitia upya, na utapaza sauti. Ikishindikana, dada yako anarudi nyumbani na wewe unarudi kwenye msasa."

Walimkuta dada chumbani, amesimama kando ya sanduku. Shemeji alikuwa ameegemea kabati, mkono ubavuni. Mama yake alisimama mlangoni, amefunga mikono kifuani.

"Pole, shemeji," Kimya alisema.

"Nishapoa, shemeji. Mimi na sakafu sasa ni ndugu."

"Leta mzaha tu," dada alimkatiza. "Kama hunitaki sema. Usisingizie kitanda."

"Jamani! Mimi nimesema nini?"

"Mwanangu hakuwahi kuanguka kitandani tangu aache kunyonya," mama mkwe alisema. "Tatizo ni huyu binti. Anaongea kama anaogopa kumwamsha mbu. Hiyo nayo ni namba?"

Masikio ya Kimya yaliwaka. Aliinama, akaweka kiganja kwenye ubavu wa kitanda, akavuta pumzi.

"Mbili!"

Hata mwenyewe alishtuka. Nje, kuku wa jirani walinyamaza.

Lakini mbao ilibaki baridi. Alitaka kusema, ila mjomba alikuwa ameshapiga makofi. "Haya, laleni tuone."

Dada alipanda kwanza, uso ukutani. Shemeji akafuata, akanyoosha mguu, akanyoosha wa pili. Kitanda kikainuka ubavu. Shemeji akaporomoka hadi kwenye viatu vya mjomba.

"Si nilisema!" mama mkwe alifoka.

Dada alishuka na kushika kishikio cha sanduku.

"Dada, ngoja," Kimya alisema. Hakuna aliyemsikia. Basi akalikalia sanduku.

Hapo wote wakamtazama.

"Mbao haikupata joto," alisema, macho yake yakiwa magotini. "Namba iliyomo tayari haiingii tena. Mbili imo humo, nzima, tangu siku ya kwanza. Kitanda kinapokea wawili, kisha kinamtoa anayezidi."

"Anayezidi ni nani?" shemeji aliuliza akiwa palepale chini. "Si tuko wawili?"

Kimya alikuwa akiikumbuka siku dada alipopita karakana na kutoka mbio, kiganja mdomoni, akilalamikia harufu ya vanishi. Vanishi aliyokulia ndani yake.

"Dada," alisema taratibu, "wewe ukishalala, yeye anakuta kitanda kimejaa."

Mama mkwe ndiye aliyeelewa mapema. Mikono yake ikashuka kutoka kifuani.

"Mwanangu," alimwambia dada, na hakuwahi kumwita hivyo, "umeziona siku zako?"

Dada alitikisa kichwa. "Nilidhani ni mawazo tu."

"Siku gani?" shemeji akauliza.

Mjomba alikohoa, akatoka kwenda kukagua bawaba za mlango wa mbele, ambazo hazikuwa na kasoro yoyote.

Kimya aliweka tena kiganja kwenye mbao. "Tatu," alisema, kwa sauti yake ileile ndogo. Joto likapanda upesi, mpaka kwenye kiwiko.

Shemeji, ambaye sasa alikuwa ameelezwa na alikuwa akijifuta macho kwa mkono wa shati, alipanda kama mtu anayeingia maji ya baridi. Mguu mmoja. Wa pili. Kitanda hakikutikisika. Dada alijilaza kando yake, na safari hii hakuugeukia ukuta. Mama mkwe alilichukua sanduku, akalisukuma juu ya kabati, nyuma kabisa.

Kimya alipokuwa akitoka, shemeji aliinua kichwa.

"Shemeji! Na wakiwa mapacha je?"

Kimya alifikiri kidogo.

"Utaamkia sakafuni," alisema. "Utajua."