Fundi wa Nyuma ya Pazia

Mwaka 2003 Tukuyu nzima ilijua kwamba kwenye duka la Ackson, pale jirani na stendi, kuna fundi. Jina lake hakuna aliyelijua. Mtu alikuja na pleisteshen yake, mashine ya kuchezea gemu, ndani ya mfuko wa rambo, akaikabidhi kaunta, Ackson akaipitisha nyuma ya pazia, na keshokutwa ikarudi imepona ugonjwa wake wa kuchagua CD. Maana mashine zile ziliumbwa na maringo. Ukizipa CD halisi, ile ya bei ya mbuzi mzima, zinacheza. Ukizipa ya kopi zinakataa, hata kama ile halisi unayo nyumbani na umeikopi tu ili watoto wasiikwaruze. Dawa yake ilikuwa kidude cheusi kisichozidi mbegu ya papai, kinaitwa chipu, ambacho huunganishwa kwa nyaya tano kwenye bodi ya ndani. Nyaya zenyewe nyembamba kama unywele, na sehemu za kuziunganisha ni ndogo kiasi kwamba ukipiga chafya umeua mashine ya mtu.

Mkono uliofanya kazi hiyo ulikuwa wa Sekela, mke wa Ackson.

Ufundi aliupata kwa baba yake mzazi, aliyekuwa fundi umeme wa kiwanda cha chai. Kiwanda kilipobinafsishwa, mzee yule alirudi nyumbani na kiinua mgongo kilichoisha kabla ya masika, pamoja na chuma kimoja cha kuchomelea risasi. Sekela alianza na redio. Ackson alipoleta kutoka Dar mashine mbili za kwanza, chipu kumi na mchoro wa fotokopi uliofifia, ni Sekela aliyekaa na mchoro ule wiki tatu. Mashine ya kwanza aliiunguza, akalia. Ya pili ilipowaka na kusoma CD ya kopi bila kunung'unika, Ackson alimbeba juujuu mpaka akamgongesha kichwa kwenye boriti, wakacheka hadi jirani akaja kuuliza kuna nini.

Habari ya pazia ilikuwa shauri la Ackson. Alisema mteja akimwona mwanamke ameshika chuma ataondoka na mashine yake, au atataka apunguziwe. Sekela alikubali, akaufanya utani wao wawili. Mteja alisema, "Mpe hongera bwana fundi, ana mkono huyo," na yeye huko ndani akajiziba mdomo kwa kanga asicheke. Lakini utani ukishatimiza mwaka si utani tena. Akaanza kutamani, tena sana, mtu mmoja tu amwite fundi mbele ya macho yake. Hakuficha. Alimwambia mumewe waziwazi, na mumewe akaahidi.

Ahadi yenyewe ilikuwa hivi. Geresoni, mfanyabiashara wa Mwanjelwa kule Mbeya, alikuwa analeta mashine za gemu kwa katoni, na sasa alitaka kufungua karakana yake. Alituma salamu kwamba baada ya miezi miwili, siku ya Alhamisi, angefika Tukuyu kumwona fundi kwa macho yake na kuafikiana naye. "Alhamisi hiyo utatoka, mama Tulia," Ackson alimwambia. "Utaifungua mashine mbele yake, aone. Na ubao wa Mbeya utaandikwa jina lako." Kwa furaha ya maneno hayo Sekela akaanza kumfundisha na yeye kazi, jioni kwa jioni kwa miezi miwili, akimshika mkono, akimwonyesha nyaya tano na mahali pa kila waya. Mume utamficha nini? Shukrani ya punda tunaijua sote, ila hakuna anayemdhania punda wake mwenyewe.

Alhamisi ikafika. Sekela alivaa gauni lake la kanisani, akapanga vifaa kwenye meza yake huko ndani, akakaa kusubiri gari la Mbeya. Nje mvua ilikuwa inanyesha. Gari la kwanza kusimama lilikuwa pikapu, na sauti ya kwanza kusikika dukani ilikuwa kikohozi alichokifahamu kuliko kikohozi chochote duniani. Akajivuta ukutani na kujifunika kanga kichwani kabla hata hajafikiri.

Alikuwa baba mkwe wake, mzee Anyelwisye wa kijiji cha Masoko. Na kwa Wanyakyusa mkamwana na baba mkwe hawaonani. Mkamwana hamtaji mkwewe jina, hakai naye chumba kimoja, na akikutana naye njiani huiacha njia akajifunika mpaka mzee apite. Wasichana wa mjini huicheka desturi hii, nao wana haki ya kucheka, hawakumpata mkwe kama yule. Sekela aliishika kwa miaka sita, na si kwa woga. Alipojifungua Tulia akaugua miezi mitatu, mzee alileta maziwa kila asubuhi kwa mkono wake. Alianza kukohoa akiwa bado kwenye migomba, ili Sekela apate muda wa kujificha, akaweka kibuyu mlangoni na kuondoka. Hawakuwahi kutazamana usoni, na hata hivyo, katika ukoo mzima wa mumewe, huyo ndiye aliyempenda.

Akamsikia Ackson anamkaribisha, anaburuta kiti, anakiweka. Aliona uvuli wa kiti kile ukiangukia pazia. Kiliwekwa pale pale pa kupitia, na chumba cha ndani hakikuwa na mlango mwingine. Sekela akaona ni bahati mbaya tu. Mzee amekuja mjini kwa mambo yake, akajisemea, atasalimia, ataondoka.

Mzee hakuondoka, na Geresoni akaingia. Zikapita shikamoo na marahaba, mvua ikasemwa, barabara ya Mbeya ikasemwa. Kisha Geresoni akauliza fundi yuko wapi.

"Fundi ndiye mimi," Ackson alisema.

Sekela alisubiri kicheko. Alidhani ni mzaha wa kufungulia mazungumzo, kwamba sasa hivi mumewe atasema hapana, fundi yumo ndani, ngoja nimtoe baba kwanza. Kicheko hakikuja. Ackson aliendelea kuzungumza kwa sauti tulivu kabisa, akieleza jinsi alivyokaa na mchoro wiki tatu, jinsi alivyounguza mashine ya kwanza akalia. Hata machozi alimwibia. Geresoni alipouliza kama atahamia Mbeya na familia, alijibu kwamba mkewe atarudi Masoko kulima na kumwangalia mzee, yeye atakwenda peke yake. Mzee akasema hapo, kwa furaha, kwamba hilo ni jambo jema.

Ndipo Sekela alipouelewa ule uvuli wa kiti. Pikapu haikuokota mtu njiani, ilitumwa. Mumewe alijua kwamba hakuna kufuli litakalomzuia mkewe asitoke, isipokuwa moja, naye akaamka alfajiri akaenda kuliagiza. Mbeya ilimuuma, sitaki kudanganya. Lakini kilichomchoma hasa ni kwamba kitu chake bora kuliko vyote, heshima yake kwa yule mzee, ndicho kilichotumika kumfungia.

Huko nje Geresoni alifungua mfuko wake. "Hizi kubwa za kijivu zinakwisha," alisema. "Zinazokuja sasa ni hizi ndogo nyeupe. Nifungie moja, nione, tumalizane."

Ackson akasema nyaya za mwanzo huziunga ndani kwenye taa kali, ya mwisho ataiunga hapo hapo mbele yake, akalipenya pazia na mashine mkononi. Jasho lilikuwa limemtoka. Hakuwahi kufungua nyeupe hata moja. Sekela alikwisha kufunga mbili wiki iliyopita, za mteja wa Kyela, jioni ambayo Ackson alikwenda kutazama mpira.

"Nisaidie," alinong'ona.

"Mtoe baba nje," Sekela naye alinong'ona.

"Mvua hii? Na mguu wake ule? Tutaongea jioni, mama Tulia. Fanya hii tu."

Sekela alimtazama, na alichokitafuta usoni mwake ni aibu, japo kidogo, japo ya kuazima. Angeiona angemsamehe, najua mimi, wanawake wa aina yake husamehe. Ackson alikuwa anachungulia pazia. "Haraka," alisema.

Akafungua skrubu, akashika chuma. Kwa nini? Hata yeye hakujua. Labda mkono uliozoea kazi haujui kususa. Akaunga waya wa kwanza, wa pili, wa tatu, wa nne, risasi ikilala safi. Kila waya alimpa mumewe nafasi ya kusema neno, na kila waya Ackson alisema haraka. Baada ya wa nne akakiweka chuma chini.

"Wa tano utaunga mwenyewe. Si wewe fundi?"

Ackson akashusha pumzi. Alitabasamu hata. "Huo naujua," alisema, akachukua mashine na chuma, akatoka.

Aliujua wa mashine za kijivu. Kwenye nyeupe waya ule unakwenda mahali pengine kabisa. Sekela alilijua hilo na hakulisema. Wako watakaomhukumu kwa kimya chake. Mimi simo.

Akaisikia risasi ikichemka. Akasikia swichi ikibanwa. Halafu ikaja ile harufu, harufu ya plastiki na kitu kichungu, aliyoinusa mara moja tu maishani, siku ya machozi yake.

"Umeniulia mashine," Geresoni alisema.

"Si mimi," Ackson alijibu upesi. "Ni mke wangu. Yeye ndiye fundi, yumo humo ndani, kazi zote hufunga yeye. Hii kaiharibu makusudi."

Mwaka mzima Sekela aliisubiri sentensi ile. Aliiota, aliipangia hata gauni. Sasa imesemwa, mbele ya mtu yule yule aliyetakiwa kuisikia, na alipoisikia alitamani isingekuwapo kabisa. Alifichwa kazi ilipokuwa nzuri. Ametajwa ilipoungua.

Machozi yalimtoka, na akayaacha. Kisha akasikia kiti kinaburutwa. Kilichukua muda, maana aliyekiburuta alikuwa na mguu mbovu na hakuomba msaada. Uvuli ukahama kutoka kwenye pazia. Sekela alisogeza ukingo wa pazia kwa kidole, akaona mgongo. Mzee alikuwa amekaa kaugeukia ukuta, koti amelivuta mpaka juu ya kichwa, kama afanyavyo mtu anayemwachia njia mkamwana.

Sekela akajifunika vizuri, akapita nyuma ya mgongo ule akiwa ameinama, akafika kaunta. Hakumtazama mumewe.

"Shemeji," alimwambia Geresoni, kwa sauti ya chini. "Nyaya nne ni zangu. Wa tano ni wake. Angalia mwenyewe."

Geresoni akaiinamia bodi. Hakuwa fundi, lakini macho alikuwa nayo, na hapakuhitajika zaidi ya macho. Alizitazama nne, akalitazama lile donge jeusi la tano, akamtazama Ackson, akaanza kuifunga mashine yake iliyokufa kwenye mfuko.

"Sasa shemeji," alisema, na alisema kwa masikitiko ya kweli, "nilipomuulizia fundi, mbona hukutoka? Mimi ningekuchukua wewe. Sasa nitamchukua nani katika nyumba hii? Mmoja mwongo, mwingine anakaa kimya mali ya mtu inaungua."

Sekela alijua kwamba alichokisema mtu yule ni haki. Alimgeukia mumewe.

"Baba Tulia. Mwambie nani alituma gari Masoko leo asubuhi. Mwambie nani alikiweka kile kiti."

Ackson akashika daftari la wateja akalipanga upya mahali lilipokuwa. Geresoni aliwatazama mmoja baada ya mwingine bila kuelewa, maana yeye ni Msangu, na kwao mambo ya kiti na mkamwana hayapo. Lakini alikuwepo mmoja aliyeelewa. Chini ya lile koti mabega ya mzee yalishuka, na alipozungumza hakumwelekea mtu yeyote. Aliuambia ukuta, kama ilivyompasa kufanya mkamwana akiwa nyuma yake.

"Mwanangu alituma gari na watu waseme amenikumbuka fijo, sana kabisa," alisema. "Nami nikavaa viatu."